Bomba Halizunguki

Kuna maneno ambayo nimeyasikia mara nyingi mno, na sasa nimechoka kuyasikiliza kwa adabu. Husemwa jioni, mafundi wakiwa wamekaa kwenye benchi nje ya karakana, vikombe vya chai ya rangi mkononi, mikono ikiwa bado ina weusi wa kazi. "Kazi wanapewa wageni." "Wanataka vyeti, sisi tuna uzoefu." "Mimi nimechomelea miaka 20, nani wa kunipima?" Tangu zilipoanza kuvuma habari za bomba la mafuta ghafi kutoka Hoima, Uganda, hadi Chongoleani hapa kwetu Tanga, bomba la kilomita 1,443, maneno hayo yamekuwa kama kiitikio. Nami, niliyeanza kazi hii mwaka 1979 nikiwa saidia fundi wa mjomba wangu pale Ngamiani, nasema waziwazi kwamba maneno hayo hayatufai. Ukweli uliomo ndani yake ni mdogo. Uvivu uliojificha nyuma yake ni mkubwa.

Najua nitawaudhi wengi, wakiwamo watu niliokula nao. Na waudhike. Kama wewe msomaji si fundi, usiliache jambo hili kwa kudhani halikuhusu. Geti unalofungua kila asubuhi, ngazi ya chuma unayopanda kwenda ghorofani, chasisi ya basi linalokupeleka Dar es Salaam, mnara uliobeba tangi la maji juu ya paa la wanao, vyote vimeshikwa na mshono ambao mtu fulani aliuchomelea akiwa katika mkao fulani. Hukumwona. Hukumuuliza kama mkao ule aliuweza.

Hapo kwenye mkao ndipo ilipo hoja yangu yote. Watu wengi hudhani kuchomelea ni kuchomelea tu. La hasha. Chuma kilichoyeyuka ni kimiminika kama uji, na uji haupandi ukuta. Bamba likiwa limelala mezani na mshono ukichomelewa kutoka juu, chuma hutulia mahali pake chenyewe. Mkao huo wataalamu wa Kimarekani huuita 1G. Bamba likisimama na mshono ukaenda ubavu kwa ubavu, ni 2G, nao uji hutaka kuteremkia ukingo wa chini. Mshono ukiwa wima, kutoka chini kwenda juu, ni 3G. Ukiwa juu ya kichwa, fundi akiutazama kama anavyotazama dari, ni 4G, na cheche humwangukia kwenye kola. Bomba lililolala bila kuzungushwa ni 5G. Na bomba lililofungwa kwa mshazari wa digrii 45, lisiloruhusiwa kuzungushwa hata kidogo, ni 6G. Katika 6G fundi hukutana na mikao yote ndani ya mshono mmoja: huanza chini akichomelea juu ya kichwa, hupanda ubavuni, humalizia juu, na njia nzima chuma kinamvuta upande. Herufi G ni ya mshono unaojaza mfereji kati ya vipande viwili. Ukiwa mshono wa pembeni, kama bamba moja limesimama juu ya jingine, herufi ni F, nayo huenda 1F hadi 4F kwa bamba. Wazungu wa Ulaya wana herufi zao, PA, PC, PF, PE, lakini uji ni uleule.

Sasa niambie, sisi wa barabarani tunafundishana nini? Tunafundishana kugeuza kazi. Geti likija, tunalilaza. Bomba likija, kijana analizungusha polepole kwa mkono huku fundi amekaa juu ya kigoda, elektrodi haitoki mahali pake. Si dhambi, kazi ikiweza kugeuzwa, igeuzwe, maana mshono wa kulala ni imara na wa haraka. Dhambi ni kukaa miaka 20 kwenye kigoda kile kisha ukajiita mzoefu wa kuchomelea. Wewe ni mzoefu wa 1G. Miaka 20 ya mkao mmoja ni mwaka mmoja uliorudiwa mara 20.

Sisemi haya nikiwa juu ya mlima. Mwaka 1988 nilimtengenezea mama mmoja jirani yetu mnara wa chuma wa kubebea tangi la lita 1,000. Miguu minne niliichomelea chini, imelala, mishono mizuri ya kupigia picha. Lakini mnara ulipokwisha kusimamishwa palibaki mihimili ya kukaza miguu, na hiyo haikuweza kulazwa. Ikanibidi nichomelee wima. Kuchomelea wima kwa kupanda sikukuweza vizuri. Chuma kilikuwa kikinimwagikia. Nikafanya wanavyofanya wengi mpaka leo: nikaanza juu nikateremka nao haraka, kwa elektrodi ileile ya kawaida tunayoitumia kwenye magrili. Mshono ukatoka mwembamba, laini, wa kung'aa. Mama akasifu. Nikalipwa.

Lita 1,000 za maji ni tani moja. Baada ya miezi kadhaa, usiku, mnara ule ulilala juu ya jiko la nje. Mchana huwa wanakaa humo watoto wawili na msichana wa kazi. Usiku ule hapakuwa na mtu. Asubuhi nilikwenda nikachutama mbele ya mihimili ile. Mishono yangu ilikuwa imebanduka mizima mizima, kama ukoko unavyobanduka kwenye sufuria. Chini yake chuma kilikuwa bado na rangi yake ya kiwandani. Haukuwahi kushika. Nilipokuwa nikiteremka, slagi, yaani ule uchafu unaoyeyuka pamoja na elektrodi, ilitangulia mbele ya moto, na chuma kikalala juu ya uchafu badala ya kuingia ndani ya chuma. Mama yule hakunigombeza. Alisema, "Mungu amesaidia, fundi." Maneno hayo yamenikaa moyoni kuliko matusi yoyote niliyowahi kutukanwa.

Basi mtu akiniambia kwamba uzoefu ndio cheti chake, mimi humuuliza: mishono uliyochomelea miaka yote hiyo, ni mingapi uliwahi kuikata ukaangalia ndani? Fundi wa useremala huona kiungo chake kikilegea. Mshonaji huona uzi ukikatika. Sisi mshono wetu hujificha. Uso wake unaweza kuwa mzuri kama magamba ya samaki, na ndani yake kuna vitundu, slagi, au mahali ambapo chuma hakikushikana kabisa. Uzoefu usiowahi kupasuliwa na kuangaliwa ndani ni mazoea tu, na mazoea hayabebi tangi.

Mwaka 1996 nilijaribiwa kwa mara ya kwanza na mkandarasi aliyekuwa akijenga matangi. Nilikwenda na kifua mbele. Nilikuwa na majaribio ya ufundi ya serikali mkononi, na umri wa kuheshimiwa. Nikapewa bamba mbili za milimita 10, kingo zimechongwa kwa mshazari ili zikikaribiana zifanye mfereji kama herufi V, nyuma yake pamewekwa ukanda wa chuma. Zikafungwa wima. Nikachomelea kwa kupanda, maana nilikuwa nimekwisha jifunza kwa yule mama. Uso ukatoka safi. Mkaguzi, mtu mzima mpole, aliangalia kwa macho, akapitisha. Kisha akakata vipande viwili kutoka katika mshono, akasaga vikawa laini, akavikunja kwenye mashine mpaka vikawa kama herufi U. Kimoja kilikunjwa uso ukiwa nje, kikapita. Cha pili kilikunjwa mzizi ukiwa nje, yaani lile tabaka la kwanza la chini. Kikafunguka kama mdomo wa changu.

Kanuni ya Kimarekani ya majengo ya chuma, AWS D1.1, inaruhusu kasoro isiyozidi milimita 3 kwenye kipande kilichokunjwa. Yangu ilikuwa ndefu kama ukucha wa kidole gumba. Mkaguzi akaniambia, "Fundi, uso wa mshono wako ni mzuri. Ila mzizi haukushika." Nilikuwa nimekimbia tabaka la kwanza ili nifike kwenye tabaka la juu linaloonekana na watu. Kwenye kona ya chini ya mfereji niliacha slagi, sikuisafisha kwa grainda, nikaifunika. Nilirudi Tanga kwa basi la usiku. Wenzangu walipouliza niliwaambia kwamba kazi wamepewa wageni.

Naam, nilisema hivyo. Ndiyo sababu nayajua maneno yale na najua yanatoka wapi.

Sasa nizijibu hoja za wenzangu moja baada ya nyingine, maana si haki kumpiga mtu bila kumsikiliza.

Wanasema majaribio haya ni ya kigeni. Kweli, kanuni ziliandikwa Marekani na Ulaya. Lakini ziliandikwa baada ya watu kuzama. Mwezi Januari 1943 meli mpya ya mafuta, Schenectady, ilipasuka karibu katikati ikiwa imefungwa gatini Portland, Marekani, bahari imetulia. Ilikuwa miongoni mwa meli nyingi zilizochomelewa kwa haraka ya vita, na kupasuka kwao kuliwafundisha wahandisi mengi kuhusu chuma na mshono. Tarehe 27 Machi 1980, katika Bahari ya Kaskazini, jukwaa la Norwei lililoitwa Alexander L. Kielland lilipinduka, na kati ya watu 212 waliokuwamo walikufa 123. Uchunguzi uliufuata ufa mpaka chanzo chake: mshono mdogo wa pembeni, wa milimita 6, ulioshikiza kipande kwenye mhimili. Kipande chenyewe hakikubeba mzigo wowote wa jukwaa. Ulikuwa mshono wa kushikiza kifaa tu, ule ambao sisi tungempa saidia fundi aumalizie wakati tunanawa mikono tukale. Chuma hakijui uraia. Kikipasuka Norwei hupasuka kwa sababu zilezile zilizoangusha mnara wangu Tanga.

Wanasema cheti ni karatasi tu. Hapa nawaunga mkono nusu. Wapo watu wenye karatasi nzuri ambao hawawezi kushika elektrodi, na wapo waliozipata karatasi hizo kwa njia ambazo sisi sote tunazijua na hatuzisemi. Lakini msichanganye mambo mawili. Cheti cha kuhitimu chuo ni kimoja; kupimwa uchomeleaji ni kingine. Cha pili hakisemi wewe ni fundi kwa jumla. Kinasema: mtu huyu, kwa njia hii ya kuchomelea, kwa unene huu, katika mkao huu, amepita. Aliyepita 3G kwenye bamba haruhusiwi kwa cheti hicho kuchomelea juu ya kichwa. Hana budi apite na 4G. Na kwa kanuni ile ya AWS, fundi akikaa zaidi ya miezi sita bila kuifanya kazi ya namna hiyo, sifa yake imekwisha, arudi kupimwa. Karatasi gani nyingine nchini kwetu inakufa kwa kutotumika? Shahada ya mheshimiwa haifi. Leseni ya fundi inakufa. Kwa hiyo anayedharau mtihani huu kwa kuuita karatasi tu hajausoma.

Wanasema ni ghali. Hapa naacha kuwagombeza wao, nawageukia wengine. Ni kweli, ni ghali. Elektrodi ya E7018, inayotakiwa katika kazi nyingi za maana, lazima ikae kavu. Tarakimu mbili za mwanzo zinataja nguvu, paundi 70,000 kwa inchi ya mraba. Tarakimu 1 inayofuata inasema yafaa mikao yote. Lakini ikinyonya unyevu huingiza hidrojeni ndani ya mshono, na hidrojeni huzaa ufa baada ya chuma kupoa, pengine fundi amekwisha kwenda nyumbani. Ikitoka kwenye kopo lake hutunzwa katika tanuri dogo lenye joto lisilopungua nyuzi 120. Sasa fikiria hewa ya Tanga ya mwezi Aprili. Nimeingia katika chuo kimoja nikakuta elektrodi hizo ziko wazi kwenye rafu, karibu na dirisha. Nimekuta wanafunzi 30 wakigawana mashine mbili, kila mmoja akipewa vijiti vichache kwa wiki kama dawa ya hospitali. Wakahitimu wakiwa wanaweza kuchora mikao yote ubaoni na hawajawahi hata mmoja kulala chali chini ya bamba. Kisha waajiri wakalalamika kwamba vijana hawafai. Anayewafundisha vijana kuogelea kwa chaki asishangae wakizama.

Na waajiri nao nina neno nao. Wako wanaotaka fundi aliyekwisha pimwa, lakini hawako tayari kumpa kijana bamba la kujifunzia wala nusu siku ya mazoezi. Vipande vya mabomba vinavyobaki huuzwa kwa wanunuzi wa vyuma chakavu kwa kilo. Kwa vipande hivyohivyo wangeweza kuandaa vijana wa mtaa mzima. Anayelima bila kupanda asije akawalaumu ndege.

Hata hivyo, fundi, lawama ya chuo na ya mwajiri haikupi wewe mzizi ulioshika. Tangu sheria ya mwaka 1994 ilipounda VETA, na sasa kwa mpango wa kuurasimisha ujuzi wa waliojifunzia kazini, mlango wa kuanzia upo hata kwa asiyepita chuo. Lakini mlango huo haukufikishi kwenye 6G. Huko unafika kwa mgongo wako. Wahenga walisema mtaka cha mvunguni sharti ainame, na walikuwa kama wanaliona bomba la digrii 45.

Nitasema ninavyowafundisha vijana wangu, kwa ufupi, maana ndiyo faida pekee niliyoipata kwa kushindwa. Kwanza, maandalizi ni nusu ya mtihani. Kutu, rangi na mafuta vitoke mpaka chuma king'ae. Kingo zichongwe sawasawa. Nafasi kati ya vipande ipimwe, isikisiwe. Mishono midogo ya kushikizia isagwe ncha zake iwe myembamba, ili moto uweze kuimeza. Pili, tabaka la kwanza ndilo mtihani. Lisafishwe kwa nyundo, brashi na grainda, kona zote mbili, kabla ya tabaka la pili kugusa. Usifunike kasoro, mashine ya kukunja itaifunua. Tatu, jifunze kwa mwili kabla ya moto: kaa katika mkao, pitisha elektrodi isiyo na umeme kutoka mwanzo hadi mwisho, uone mkono utakapokwama. Wengi huanguka kwa sababu kiwiko kimegonga ukuta. Nne, katika mshono wa pembeni usidanganywe na unene wa kuvimba. Nguvu yake hupimwa kooni, na mshono wenye miguu ya milimita 10 una koo la kama milimita 7 tu. Kurundika chuma juu hakuongezi kitu, na kula ukingo wa bamba kunapunguza. Tano, kila wiki kata mshono wako mmoja, uukunje kwenye jiriwa kwa nyundo, na uuangalie. Ukikuvunjia moyo, umekufundisha. Na mwisho, vaa ngao ya uso. Miwani ya jua si ngao, na vipande vya viazi juu ya macho usiku havirudishi ulichokipoteza mchana.

Mtoto wa mdogo wangu anajiandaa hivi sasa. Amekwisha shindwa mara mbili. Mara ya kwanza alirudi amenuna, akasema, "Baba mkubwa, wale watu hawatutaki." Nilimwambia alete vipande vyake vilivyokunjwa. Hakuwa amevichukua. Mara ya pili alivileta mwenyewe, vinne, maana bomba lililofungwa hutoa vipande vinne, akaviweka juu ya meza kabla hata ya kunipa shikamoo. Vitatu vilikuwa vizima. Cha nne, kilichotoka upande wa chini wa bomba, anapochomelea juu ya kichwa, kilikuwa na ufa. Hakusema neno juu ya wageni. Alisema, "Ni hapa chini. Nikifika hapa navuta mkono." Siku hiyo nilijua amekwisha kuwa fundi, hata kama karatasi haijaja. Kama atapita mara ya tatu sijui. Nasema tu kwamba mtu anayejua mahali alipoangukia hawezi kudanganywa na maneno ya benchi.

Ndugu zangu mafundi, wageni wapo, upendeleo upo, na rushwa ipo. Vipigeni vita, nami nitakuwa pamoja nanyi. Lakini tukiwa pale mbele ya bomba, hakuna mgeni wala mwenyeji. Bomba limefungwa, halizunguki. Wa kuzunguka ni wewe. Nyuma ya nyumba yangu nimechimbia nguzo karibu na mwembe, na juu yake nimefunga kipande cha bomba la inchi 6, digrii 45. Mashine ipo, tanuri dogo la elektrodi nimelitengeneza mwenyewe. Umeme tutachangiana. Anayetaka aje jioni, badala ya kukaa kwenye benchi.